Tandahimba: Jimbo linalopima wabunge wake kwa kilo ya korosho

MWEZI Oktoba una uzito wa pekee katika Jimbo la Tandahimba, mkoani Mtwara. Ndio mwezi wa mnada wa kwanza wa korosho, na kila baada ya miaka mitano ndio mwezi wa kupiga kura.

Uchaguzi Mkuu wa mwaka 2010 ulifanyika Oktoba 31, wa 2015 ukafanyika Oktoba 25 na wa 2020 ukafanyika Oktoba 28. Kwa mkulima wa Mahuta, Nanhyanga, Kitama au Litehu, hizo ni siku ambazo magunia yako kwenye chama cha msingi, mfuko hauna kitu, na kila anayepanda jukwaani anaulizwa swali moja: mwaka huu bei itakuwa shilingi ngapi?

Mbunge hapangi bei. Bei hutoka kwa wanunuzi wanaopeleka korosho ghafi India na Vietnam. Hata hivyo, katika jimbo ambalo karibu kila kaya inaitegemea mikorosho, siasa ya hapo haiwezi kutenganishwa na zao hilo. Anayetaka kuielewa Tandahimba, awe mfanyabiashara anayekwenda kufungua duka au mkulima wa wilaya nyingine anayetaka kujua ushirika wao unakwendaje, inafaa aanze na ardhi yenyewe.

Uwanda usio na mto

Tandahimba ilikuwa sehemu ya Wilaya ya Newala hadi mwaka 1995 ilipopata hadhi ya wilaya. Upande wa magharibi imepakana na Newala, mashariki ni Mtwara, kaskazini ni Mkoa wa Lindi, na kusini Mto Ruvuma unaitenganisha na Msumbiji. Sensa ya mwaka 2012 ilihesabu wakazi zaidi ya 227,000.

Sehemu kubwa ya wilaya imekaa juu ya uwanda wa Makonde. Uwanda huo umeinama kama paa la upande mmoja: magharibi, karibu na Newala, uko zaidi ya mita 700 juu ya usawa wa bahari, kisha unashuka polepole kuelekea pwani. Kusini na magharibi unakatika kwa genge kali, na chini ya genge la kusini ndipo lilipo bonde la Ruvuma.

Udongo wa juu ni wa kichanga. Mvua ikinyesha, maji hayakai wala hayatiririki. Yanazama moja kwa moja. Matokeo yake ni uwanda mpana wenye miti na watu wengi, usio na mto wala kijito. Wazee wa Kimakonde waliupenda kwa sababu ya usalama, maana vichaka vyake vizito viliwakinga na mashambulizi ya karne ya 19. Gharama ya usalama huo walilipa akina mama, waliotelemka bondeni na kupanda tena na mtungi kichwani.

Tangu enzi za ukoloni wa Waingereza, maji ya uwanda yamekuwa yakisukumwa kwa pampu kutoka visima vya bondeni, hasa eneo la Mitema, Kitangari, wilayani Newala. Miaka ya 1970 na 1980 Serikali ya Finland iliingiza fedha nyingi katika maji ya Mtwara na Lindi. Lakini kusukuma maji kwenda juu ya mlima ni kazi ya umeme na dizeli, na pampu ikizimika, jimbo zima hurudi kwenye ndoo. Nyumba nyingi zimechimba visima vya kuvunia maji ya mvua uani, na mwenye kisima kikubwa huuza maji wakati wa kiangazi. Mwaka 2022 mradi wa Makonde uliingizwa katika mpango wa maji wa miji 28 unaogharamiwa kwa mkopo wa Serikali ya India, na tangu hapo hakuna mkutano wa hadhara ambao haukuutaja.

Kwa mikorosho, mchanga huohuo ni neema. Mkorosho una mizizi mirefu, unavumilia ukame, na hauhitaji mto. Mvua za huku ni za msimu mmoja, kuanzia Novemba au Desemba hadi Aprili au Mei. Kisha kinafuata kiangazi kirefu, na mkorosho unatoa maua bila kusumbuliwa na mvua. Chini ya mikorosho na pembeni yake watu hulima muhogo, mbaazi, karanga, njugu mawe na ufuta. Muhogo ndio chakula, korosho ndiyo fedha.

Tatizo kubwa la maua hayo ni ubwiri unga. Ukungu huo hupenda asubuhi za baridi na umande za mwezi Juni na Julai, na shamba lisilopuliziwa salfa linaweza kukosa karibu mavuno yote. Kwa hiyo mkulima hutumia fedha miezi minne au mitano kabla ya kupata fedha. Hapo ndipo siasa inapoingia shambani.

Kutoka bakuli hadi sanduku la zabuni

Historia ya zao hili ni ya kupanda na kuanguka. Msimu wa 1973/74 Tanzania ilivuna tani 145,000. Kufikia msimu wa 1986/87 mavuno yalikuwa chini ya tani 20,000. Watu walihamishiwa kwenye vijiji vya ujamaa, mashamba yakabaki mbali, bei ya Serikali ilikuwa ndogo, mikorosho ilizeeka, na ubwiri unga ukamalizia. Viwanda vya kubangua vilivyojengwa kwa mikopo vikakosa korosho za kubangua. Zao lilifufuka kwa salfa na kwa kazi ya watafiti wa kituo cha Naliendele, nje kidogo ya mji wa Mtwara.

Miaka ya 1990 biashara ilifunguliwa kwa wanunuzi binafsi. Ushindani ulikuwepo, lakini mkulima alikutana na mnunuzi peke yake, mlangoni kwake, mwezi wa njaa. Ndipo lilipositawi lile linaloitwa kangomba. Mnunuzi huja na bakuli au kopo analoliita kilo moja, nalo hubeba hata kilo moja na nusu, hivyo theluthi ya korosho huondoka bure. Wengine hununua korosho ikiwa bado ua mtini: mwenye shida ya ada ya shule au ya msiba huchukua fedha Julai na kulipa magunia Oktoba, kwa bei aliyoitaja mwenye fedha.

Sheria ya Stakabadhi za Maghala ilipitishwa mwaka 2005, na mfumo ukaanza kutumika kwa korosho mkoani Mtwara msimu wa 2007/08. Mkulima hupeleka korosho kwenye chama chake cha msingi, zinapimwa kwa mizani, zinapangwa madaraja, kisha zinasafirishwa hadi ghala kuu. Wanunuzi huandika bei zao kwa siri, zabuni hufunguliwa mbele ya wakulima, nao hukubali au hukataa. Kwa Tandahimba na Newala, chama kikuu kinachosimamia kazi hiyo ni TANECU.

Katika miaka ya mwanzo mkulima alilipwa kwa vipande. Chama kilikopa benki, kikampa malipo ya kwanza ambayo yalikuwa sehemu tu ya bei dira, na korosho zikishauzwa yakafuata malipo ya pili. Kukibaki kitu yalitolewa yale yaliyoitwa majaliwa. Jina lenyewe linasema yote: ukijaliwa utapata.

Msimu wa 2012/13 wengi hawakujaliwa. Bei ya dunia ilishuka, mikopo ya benki ikawa inadai riba, na malipo ya pili yakaja pungufu ya yaliyotarajiwa. Aprili 2013 wakulima wa Liwale, mkoani Lindi, walichoma nyumba za viongozi. Mwaka huohuo mji wa Mtwara ulikuwa na machafuko yake, Januari na Mei, juu ya bomba la gesi kwenda Dar es Salaam. Mambo hayo mawili yalikuwa tofauti, lakini manung'uniko yalikuwa ya namna moja: mali inatoka kusini, faida inakaa kwingine.

Hesabu ya kura

Juma Njwayo wa CCM aliliwakilisha jimbo kwa vipindi viwili, kuanzia mwaka 2005 hadi 2015. Oktoba 2015 wapiga kura walimchagua Katani Ahmadi Katani wa CUF. Hawakuwa peke yao. Mtwara Mjini, Kilwa Kaskazini, Kilwa Kusini, Liwale na Mchinga nayo yalikwenda CUF mwaka huo. Ukiitazama ramani, ni ukanda wa korosho, ufuta na gesi.

Bungeni, jina la Tandahimba likawa halitenganishwi na korosho. Mabishano makali zaidi yalikuja Juni 2018. Korosho ghafi inayouzwa nje hutozwa ushuru wa asilimia 15 ya thamani yake au Dola 160 kwa tani, kiasi kilicho kikubwa ndicho kinachotozwa. Kabla ya hapo, asilimia 65 ya fedha hizo zilitakiwa kurudi kuendeleza zao: salfa, miche, magunia, utafiti. Muswada wa fedha wa mwaka huo ulitaka zote ziingie Mfuko Mkuu wa Serikali. Wabunge wa kusini, wa CUF na wa CCM kwa pamoja, waliupinga kwa maneno makali. Muswada ukapita.

Hapa inafaa kusimama kidogo, kwa sababu watu wengi hudhani ushuru huo unamhusu msafirishaji tu. Mnunuzi anapoandika bei yake kwenye karatasi ya zabuni, ameshauondoa ushuru, ameshaondoa gharama ya meli, ameshaondoa faida yake. Kinachobaki ndicho anachompa mkulima. Sehemu ya ushuru iliyokuwa ikirudi kama salfa ilikuwa ni fedha ya mkulima inayomrudia kwa mlango wa nyuma. Mlango huo ulipofungwa, yeye ndiye aliyenunua salfa ghali Juni iliyofuata.

Miezi minne baadaye ilikuja ile Oktoba ambayo Tandahimba haijaisahau. Misimu miwili iliyotangulia ilikuwa ya neema. Bei ilifika na hata kuvuka Sh4,000 kwa kilo, na msimu wa 2017/18 taifa lilivuna zaidi ya tani 310,000. Watu walijenga nyumba za bati na matofali, walinunua pikipiki, walicheza unyago kwa siku nyingi. Mnada wa Oktoba 2018 ulipofunguliwa, bei nyingi zilikuwa chini ya Sh3,000, na nyingine chini ya Sh2,000. Wakulima wa TANECU walikataa kuuza. Walikuwa na haki hiyo kisheria, na waliitumia.

Serikali ilijaribu kwanza kuzungumza na wanunuzi. Novemba 10, 2018 Rais John Magufuli aliwaondoa Waziri wa Kilimo, Charles Tizeba, na Waziri wa Viwanda, Charles Mwijage. Siku mbili baadaye alitangaza kuwa Serikali ingenunua korosho zote kwa Sh3,300 kwa kilo, na malori ya Jeshi la Wananchi yakaingia vijijini kuzibeba.

Siku ya tangazo watu walishangilia. Kilichofuata kilikuwa kirefu zaidi. Wenye korosho zaidi ya kilo 1,500 walitakiwa kuhakikiwa mashamba yao ili kuwabaini wa kangomba. Wapo waliolipwa kabla ya Krismasi, na wapo waliosubiri hadi ndani ya mwaka 2019, salfa ya msimu mpya ikiwa tayari inahitajika. Mkataba wa kuuza tani 100,000 kwa kampuni moja ya Kenya, uliosainiwa Januari 2019, haukuzaa kitu. Korosho zilikaa maghalani.

Walioumia kimyakimya ni wafanyabiashara wadogo. Katika mji wa Tandahimba duka la mabati, fundi cherehani, mama ntilie na kijana wa bodaboda wote hukopesha kuanzia Agosti wakitegemea mnada. Mkulima asipolipwa, hakuna anayelipwa. Msimu huo daftari za madeni zilijaa, na wenye mikopo ya benki walilipa riba ya fedha ambazo wateja wao hawakuwa nazo.

Mwaka 2020 Katani aligombea tena, safari hii kwa tiketi ya CCM, akashinda. Wapo walioona amewaacha; wapo waliosema mbunge wa korosho lazima awe karibu na Serikali, maana Serikali ndiyo iliyoshika ushuru, salfa na mnada. Hoja zote mbili zilitoka vinywani mwa watu walewale waliomchagua mwaka 2015. Hilo laweza kumshangaza mgeni. Mkulima wa mikorosho, mti unaoishi miaka mingi kuliko chama chochote cha siasa nchini, halioni kuwa la ajabu.

Nani hasa ana neno juu ya bei

Ofisi iliyo karibu zaidi na fedha ya mkulima ni ya chama cha msingi, na ya pili ni ukumbi wa madiwani.

Halmashauri hutoza ushuru wa mazao. Tangu mwaka 2017 kiwango kwa mazao ya biashara ni asilimia 3, kutoka 5 ya zamani. Kwa kila tani 1,000 zitakazouzwa kwa Sh3,000 kwa kilo, halmashauri hupata Sh90 milioni. Bei ikiwa Sh2,000, inapata Sh60 milioni. Katika wilaya ambayo korosho ndiyo nguzo ya mapato ya ndani, tofauti hiyo ndiyo darasa linaloezekwa au linalobaki na kuta tupu. Kwa hiyo diwani naye huomba bei nzuri, tena kwa dhati kuliko wengi.

Kwenye chama cha msingi kuna karatasi inayoitwa mjengeko wa bei. Humo huorodheshwa makato: chama cha msingi, chama kikuu, usafirishaji hadi ghala kuu, mwendesha ghala, magunia, mchango wa utafiti. Kila kato ni shilingi chache kwa kilo. Mwenye kilo 1,000 akikatwa Sh100 zaidi ya ilivyostahili, amepoteza Sh100,000, ambayo kwa familia nyingi ni ada na sare. Mbunge akilala bungeni anaonekana kwenye televisheni. Katibu wa chama akizidisha kato moja, anayejua ni yule tu aliyehudhuria mkutano mkuu na kuomba karatasi isomwe kwa sauti.

Bahati mbaya mikutano hiyo hujaa wakati wa kelele za bei, na huwa mitupu mwezi Aprili au Mei, wakati ambapo viongozi huchaguliwa na makisio hupitishwa. Akina mama, ambao kwa desturi ya Kimakonde ndio ukoo unafuata upande wao, na ndio hasa wanaookota korosho na kutenganisha bibo na kokwa, mara nyingi si wanachama. Jina kwenye stakabadhi ni la mume. Fedha ikiingia kwenye akaunti yake, wao husikia habari tu.

Yapo yaliyotengemaa. Malipo sasa hupitia benki, na vipande vya malipo ya kwanza na ya pili vimeondoka. Kuanzia mwaka 2021 Serikali ilianza kugawa salfa na viuatilifu bila malipo kwa wakulima walioandikishwa, na kazi ya vijiji ikawa kuhakikisha daftari linawataja wenye mikorosho kweli. Minada ilihamia kwenye mfumo wa Soko la Bidhaa. Oktoba 2024 mnada wa kwanza wa TANECU ulivuka tena Sh4,000 kwa kilo, na mavuno ya taifa msimu huo yalipita tani 500,000.

Wenye kumbukumbu ya 2018 hawakukimbilia kununua pikipiki.

Kilichobaki kikubwa ni barabara. Kutoka Tandahimba hadi bandari ya Mtwara ni karibu kilomita 100, na kwa miaka mingi zilikuwa za vumbi na mchanga kiangazi, za matope masika. Lori likikwama, gharama yake haimuishii mwenye lori. Huingia kwenye ule mstari wa usafirishaji katika mjengeko wa bei. Lami ilianza upande wa Mtwara na kufika Mnivata, kilomita 50. Mwaka 2023 ilisainiwa mikataba ya kilomita 160 zilizosalia, kupitia Tandahimba na Newala hadi Masasi, kwa mkopo wa Benki ya Maendeleo ya Afrika. Mjumbe wa chama cha msingi anayetaka kujua faida ya lami hiyo hahitaji kungoja sherehe za uzinduzi. Achukue mjengeko wa bei wa msimu wa 2022/23, auweke kando ya ule utakaosomwa lori la kwanza litakapopita juu ya lami hadi ghalani, atazame mstari wa usafirishaji, na kama haujapungua, aulize mkutanoni ni kwa nini.